Ufa Uzibwe kwa Nini? Uchambuzi wa Uhifadhi wa Magofu ya Mombasa

Mgeni anayeingia Ngome ya Yesu kisiwani Mombasa huelezwa nani aliijenga, nani aliiteka na nani alifungwa humo. Ni maelezo ya haki, ila yanaruka sura moja ndefu: kazi iliyofanywa ngomeni humo tangu 1958, mwaka wafungwa walipoondolewa na wachimbuaji wakaingia. Kuta anazozitazama mgeni huyo, sakafu anazozikanyaga, hata uwazi wa uwanja wa katikati, ni matunda ya maamuzi ya watu wa karne ya ishirini kuhusu nini kibaki, nini kiondolewe na nini kizibwe. Makala haya yanayapitia maamuzi hayo, pamoja na mengine ya jirani zake chini ya bahari na ndani ya Mji wa Kale, kwa kipimo kimoja: je, lililofanywa linaweza kutenguliwa na mtu atakayekuja kesho akiwa na ujuzi zaidi? Ninashikilia kwamba Mombasa ilifaulu kila mahali ambapo mhifadhi aliacha njia ya kurudi, na kwamba hasara tunazoziona leo zimetoka mahali ambapo njia hiyo ilifungwa, mara nyingi kwa nia njema na kwa mfuko wa saruji.

Tuanze na jengo lenyewe. Wareno walianza kuijenga ngome mwaka 1593 kwa ramani ya Giovanni Battista Cairati, mhandisi kutoka Milano aliyekuwa akiitumikia taji ya Ureno huko India. Cairati hakusimamisha kuta juu ya ardhi tupu. Sehemu ya chini ya ngome ilichongwa katika mwamba wa matumbawe wenyewe, na juu yake ndipo waashi wakapandisha mawe ya matumbawe yaliyoshikanishwa kwa chokaa. Buruji nne, São Felipe, Santo Alberto, São Mateus na São Matias, zilipangwa ili mizinga ya kila moja iweze kuulinda ubavu wa jirani yake. Baada ya hapo kila mtawala aliongeza lake. Mwaka 1631 sultani wa Mombasa, Yusuf bin Hassan, aliyejulikana kwa Wareno kama Dom Jerónimo Chingulia, aliiteka. Wareno waliporudi waliitengeneza, na maandishi yaliyo juu ya lango, ya mwaka 1635, yanashuhudia kazi hiyo. Waomani waliitwaa Desemba 1698 baada ya mzingiro uliokaribia miaka mitatu, ukoo wa Mazrui ukaitawala Mombasa kutoka humo hadi 1837, na Waingereza wakaigeuza jela mwaka 1895. Kwa hiyo mtaalamu aliyekabidhiwa ngome mwaka 1958 hakukabidhiwa jengo la Wareno peke yake. Alikabidhiwa rundo la majengo ya zama tano, kila moja likilikalia jingine.

Mtaalamu huyo alikuwa James Kirkman, ambaye tangu 1948 alikuwa amechimbua magofu ya Gedi karibu na Malindi. Wakfu wa Calouste Gulbenkian wa Lisbon ulitoa fedha, ngome ikatangazwa eneo la hifadhi, na mwaka 1960 makumbusho yakafunguliwa. Uamuzi wake wa kwanza mkubwa ulikuwa kubomoa majengo ya jela yaliyojazana uwanjani ili misingi ya zamani, pamoja na masalia ya kanisa la Wareno, ipate kuonekana. Ukiupima uamuzi huo kwa kipimo chetu, unaangukia upande mbaya. Miaka 63 ya jela ya kikoloni, ambamo Waafrika wengi walifungwa, ni historia ya Mombasa sawa na miaka 105 ya Wareno kati ya 1593 na 1698, na hakuna fundi anayeweza kuirudisha. Aliyetoa fedha alikuwa na hamu ya kuiona Ureno, na dola iliyotoa kibali haikuwa na hamu ya kuikumbuka jela yake. Pamoja na hayo haki itendeke: bila kuyaondoa majengo hayo uchimbuaji usingewezekana, na katika miaka hiyo karibu kila mahali duniani jengo la karne ya ishirini lilihesabiwa kuwa takataka juu ya historia, wala si historia yenyewe. Mkataba wa Venice, uliowataka wahifadhi waheshimu mchango halali wa kila zama katika jengo, ulikuja mwaka 1964, miaka minne baada ya milango ya makumbusho kufunguliwa.

Hapa mtu anaweza kusema kwamba kipimo changu kinajikata chenyewe, kwa kuwa kuchimbua hakutenguki kamwe. Ni kweli. Tabaka la udongo likishaondolewa haliwezi kurudishwa jinsi lilivyokaa. Kigae kikishatoka mahali pake, kinachobaki ni maandishi ya aliyekitoa. Lakini ukweli huo haukitupi kipimo, unakipa makali. Tendo lisilotenguka lazima lilipiwe fidia, na fidia ya uchimbuaji ni kumbukumbu kamili iliyochapishwa. Kirkman aliilipa. Kitabu chake juu ya Ngome ya Yesu, kilichotoka mwaka 1974, kilieleza tabaka kwa tabaka, shimo kwa shimo, vigae vya China, vya Uajemi, vya India na vyungu vya wenyeji. Thamani yake inatokana na jambo ambalo magofu mengi ya Waswahili hayana: tarehe kamili. Gedi au Jumba la Mtwana hukadiriwa umri kwa vyungu na sahani. Ngome ya Yesu ina mwaka wa kuanza, miaka ya mizingiro na mwaka wa kutekwa, yote yameandikwa. Kigae kilichopatikana katika takataka za mzingiro wa 1696 hadi 1698 kinaweza kutumika kupimia umri wa kigae kama hicho popote kuanzia Lamu hadi Kilwa. Kwa maana hiyo uchimbuaji wa ngome uliwapa wachimbuaji wa pwani nzima rula ya kupimia, nao wanaendelea kuitumia.

Tatizo gumu zaidi lilikuja baada ya kuchimbua, yaani kuta kubaki wazi. Ili tuelewe kwa nini jibu la tatizo hilo lina uzito, ni lazima tuielewe tabia ya malighafi yenyewe. Jiwe la matumbawe lina vitundu vingi. Linafyonza maji ya mvua na unyevu wa bahari, na pamoja na maji hayo linafyonza chumvi. Jua linapowaka, maji hutafuta njia ya kutoka, na pale yanapotokea ndipo chumvi inapoganda na kuwa chembe ngumu. Waashi wa zamani waliijua tabia hiyo pasipo maabara. Matumbawe yaliyotolewa baharini yaliachwa nje kwanza ili mvua iyaoshe. Chokaa yenyewe ilitoka kwenye matumbawe yaleyale: yalipangwa juu ya tanuu la magogo, yakachomwa hadi yakageuka, kisha yakamwagiwa maji na kuachwa yaive kwa majuma au miezi. Ikishapakwa ukutani, chokaa hurudi polepole kuwa jiwe kwa kunywa hewa ya ukaa, lakini hubaki laini kuliko matumbawe na hupitisha unyevu. Matokeo yake ni kwamba chumvi hutokea kwenye lipu na kwenye viungo, na lipu ndiyo inayokufa, si jiwe. Lipu ikifa hukwanguliwa, hupakwa nyingine, na ukuta huendelea kuishi. Mfumo mzima ulijengwa juu ya kitu kinachojitoa mhanga na kubadilishwa.

Saruji huupindua mfumo huo. Ni ngumu kuliko jiwe na haipitishi unyevu inavyopaswa. Ukuta wa matumbawe ukipigwa lipu ya saruji, maji yaliyoingia kutoka chini au kutoka paani hukosa pa kutokea, chumvi huganda ndani ya jiwe nyuma ya lipu, na baada ya miaka kadhaa lipu hudondoka kwa mapande makubwa ikiwa imebeba uso wa jiwe mgongoni mwake. Saruji yenyewe huongeza chumvi za aina yake. Halafu inapong'ang'ania jiwe kwa nguvu kuliko jiwe linavyojishikilia lenyewe, huwezi kuibandua bila kuvunja kile ulichotaka kukihifadhi. Wahenga walisema usipoziba ufa utajenga ukuta, na kila mwenye nyumba ya Mji wa Kale anaijua methali hiyo. Isichosema methali ni kwamba ufa ukizibwa kwa kitu kisichofaa, ukuta utajengwa vilevile, tena mapema zaidi. Ndani ya ngome kuna ushahidi wa upande wa pili, wa lipu ya chokaa iliyodumu: michoro ya meli na watu waliyochora mabaharia wa Kireno katika karne ya kumi na saba, ambayo bado inasomeka. Lipu ile ingekwanguliwa ili kupisha ukarabati wa haraka, kumbukumbu waliyoiacha mabaharia hao ndani ya ngome hii ingepotea.

Watetezi wa saruji wana jibu, na si jibu dogo. Wanataja Borobudur, hekalu kuu la Wabuddha kisiwani Java, Indonesia. Kati ya 1973 na 1983 hekalu hilo lilifunguliwa ngazi kwa ngazi kwa msaada wa UNESCO. Mawe zaidi ya milioni moja yalitolewa, yakasafishwa na kurudishwa, na chini yake kukawekwa tabaka za zege na mifereji ya kuondoa maji. Mwaka 1991 likaingia katika orodha ya urithi wa dunia. Ikiwa zege liliokoa hekalu la karne ya tisa, wanauliza, kwa nini liwe haramu Mombasa? Jibu ni kwamba Borobudur inathibitisha kanuni badala ya kuivunja. Kwanza, mawe yake ni ya volkano, magumu, na yalikuwa yamepangwa bila kuunganishwa kwa chokaa. Pili, kila jiwe lilipewa namba na kuandikwa kabla ya kuguswa, na kati ya zege na jiwe la kale kukawekwa vizuizi ili maji yanayopita kwenye zege yasiliguse jiwe. Zege lilibeba mzigo likiwa limejificha na likiwa limetenganishwa. Mtu anaweza tena kuyatoa mawe yale. Fundi anayepaka saruji juu ya ukuta wa matumbawe hafanyi hilo. Anaviunganisha viwili kuwa kimoja, na kwa kuviunganisha anamnyima mwingine nafasi ya kusahihisha. Tukitafuta mfano wa Kibuddha unaotufaa kwa onyo, upo Bagan, Myanmar, ambako mahekalu mengi yalijengwa upya kwa kukisia na kwa vifaa vipya katika miaka ya 1990, na eneo lote likaingia katika orodha ya urithi wa dunia mwaka 2019 tu, baada ya miaka mingi ya mabishano juu ya kazi hizo.

Mfano bora kabisa wa kuacha njia ya kurudi, kwa maoni yangu, uko majini mbele ya ngome. Merikebu ya kivita ya Wareno, Santo António de Tanná, iliyojengwa India, ilikuja kuwaokoa waliozingirwa na ikazama Oktoba 1697 chini ya kuta za ngome. Wapiga mbizi waliigundua katika miaka ya 1960. Kuanzia 1977 hadi 1980 Makumbusho ya Taifa ya Kenya na Taasisi ya Akiolojia ya Majini iliyoanzishwa na George Bass wa Marekani walichimbua mabaki yake, Robin Piercy akiongoza kazi ya chini ya maji. Maelfu ya vitu vilipandishwa: vyombo vya kaure, mitungi, mizinga, vifaa vya kazi na mapambo ya mbao yaliyochongwa, vikatibiwa katika maabara iliyowekwa ngomeni. Ubavu wa merikebu wenyewe, zile mbao kubwa zilizobaki chini ya mchanga, ulipimwa, ukachorwa, kisha ukafukiwa tena pale pale.

Waliolalamika kwamba Mombasa ilikosa kivutio kikubwa walikuwa na sababu. Sweden iliipandisha merikebu Vasa mwaka 1961 na leo mamilioni wameiona. Hata hivyo hesabu ya Vasa inapaswa kusomwa hadi mstari wa mwisho. Mbao iliyokaa majini karne nyingi imejaa maji mahali pa nyama yake. Ikikaushwa hivi hivi hunywea na kupasuka. Vasa ilinyunyiziwa dawa ya kujaza mbao kwa miaka 17, ikakaushwa kwa miaka mingine, na karibu na mwaka 2000 ikagunduliwa kwamba salfa iliyoingia kwenye mbao ilikuwa ikigeuka kuwa asidi ndani ya jumba la maonyesho. Nchi tajiri yenye hali ya hewa ya baridi inaendelea kulipia uamuzi huo kila mwaka. Makumbusho ya Mombasa, yenye joto, unyevu na bajeti ndogo, yasingeweza kuubeba mzigo huo, na mbao zingekufa nchi kavu mbele ya macho ya wageni. Mchanga ule ni ghala lisilodai umeme: hewa haifiki, na wadudu wa baharini wanaotoboa mbao hawaishi pasipo hewa. Vitu vilivyopandishwa vinatosha kusimulia, ubavu uliobaki unatosha kusubiri, na mtaalamu wa karne ijayo anaweza kurudi kuuliza swali ambalo leo hatulijui.

Pingamizi lenye uzito zaidi linatoka kwa watu wa ibada. Magofu ya kidini, wanasema, si mali ya mtaalamu. Msikiti umewekwa kuswaliwa, na anayeutaka ubaki gofu kwa ajili ya utafiti anatanguliza udadisi mbele ya haki ya waumini. Mbaraki, kusini-magharibi mwa kisiwa, inatupa nafasi ya kulipima pingamizi hilo. Hapo ipo nguzo ndefu ya matumbawe, na kando yake palikuwa na gofu la msikiti. Hamo Sassoon wa makumbusho ya Ngome ya Yesu aliuchunguza msikiti na nguzo na kuchapisha matokeo mwaka 1982. Baadaye, mwishoni mwa miaka ya 1980, msikiti ulijengwa upya na sala zikarudi. Mpangilio wa mambo hapo ndio wa kuzingatia: uchunguzi kwanza, kumbukumbu kuchapishwa, ndipo ujenzi. Haki ya waumini haikupingana na haki ya historia, kwa kuwa kilichokuwa kikipotea kilikuwa kimeshaandikwa. Tena utamaduni wa misikiti ya pwani wa kupaka chokaa mpya juu ya ile ya zamani, ambao, kama inavyosimuliwa, umeuweka Msikiti wa Mandhry ukitumika tangu karne ya kumi na sita, ndio uhifadhi wenye kutenguka tulioukuta nyumbani kabla ya mkataba wowote wa Ulaya. Msikiti hai unaopakwa chokaa uko salama kuliko gofu lililoachwa bila mtu.

Lipo eneo moja ambalo kipimo changu hakitoi jibu rahisi, nalo ni genge la mwamba lililo chini ya ngome upande wa bahari. Mawimbi yamekuwa yakilila kwa chini, na kwa kuwa kuta zimechongwa katika mwamba huohuo, mwamba ukiporomoka hakuna cha kukarabati. Katika nusu ya pili ya miaka ya 2010 serikali ya Kenya ilijenga ukuta wa kuyazuia mawimbi. Ukuta wa namna hiyo hubadilisha sura ya ngome kutoka baharini, sura ambayo Cairati aliipanga makusudi, na ni mzito wa kuondolewa. Hata hivyo nauona kuwa halali, kwa sababu kuacha bila kufanya kitu kungeleta hasara isiyotenguka zaidi kuliko ukuta wenyewe. Hapo ndipo kipimo kinapotumika sawasawa: hakikatazi kazi nzito, kinaulizia tu ni upande upi utakaofunga mlango kwa nguvu zaidi, kutenda au kutotenda. Sharti ni kwamba kazi isimame mbele ya mwamba, isiushike ukuta wa kale.

Yote haya yangekuwa mazungumzo ya wataalamu kama yasingegusa Mji wa Kale, ambako watu wanaishi. Ngome iliingizwa katika orodha ya urithi wa dunia mwaka 2011, ina mlinzi, tiketi na bajeti. Nyumba za Ndia Kuu na vichochoro vya Kibokoni hazina. Vyumba vyake ni vyembamba kwa kuwa boriti za mikoko hazivuki zaidi ya takriban mita 3. Boriti ikioza, mwenye nyumba huambiwa na fundi amwage zege, na zege linapokaa juu ya ukuta wa matumbawe uliojengwa kubeba boriti, ukuta huanza kutanuka na kupasuka. Sheria ya Makumbusho ya Taifa na Urithi ya mwaka 2006 inampa mhifadhi uwezo wa kukataza, lakini katazo halimpi mwenye nyumba chokaa. Ofisi ya uhifadhi ya Mji wa Kale inaweza kukataa ramani ya ukarabati. Haiwezi kumshinda muuza saruji aliyeko kila kona kwa bei inayojulikana, ilhali chokaa iliyoiva na fundi anayeijua vinatafutwa kwa kuulizia. Wanaosema wakazi hawajali urithi wao wanakosea shabaha: mkazi hununua kinachouzwa.

Kwa hiyo hukumu yangu ni hii. Mombasa imeshathibitisha, ngomeni na majini, kwamba inaweza kuhifadhi kwa namna inayomwachia nafasi mrithi wake, na haihitaji kuazima nadharia mpya kutoka nje. Inachohitaji ni kuushusha ujuzi huo mtaani. Makumbusho ya Taifa ya Kenya pamoja na serikali ya kaunti waanzishe mahali pa kuivishia chokaa ndani ya kisiwa na kuiuza kwa bei inayoshindana na saruji. Waashi wanaoijua kazi walipwe kufundisha vijana kwenye nyumba halisi. Na kibali cha ukarabati katika Mji wa Kale kitolewe kwa sharti kwamba ukuta upigwe picha na kupimwa kabla ya nyundo ya kwanza, kwa gharama ya umma. Nawe mwenye nyumba ya matumbawe, fundi akikujia na mfuko wa saruji, mwulize swali moja kabla hujamlipa: mwanangu akitaka kuibandua hii, ataweza?